Falsafa ya nchi ya kubuni huzaliwa kwenye ugomvi wa maji

Mtu anayeunda falsafa ya nchi ya kubuni kwa mara ya kwanza huanza na misemo. Anafungua kaunta buku, anaandika juu kabisa "Mafundisho ya Wazee wa Mlima", kisha zinafuata methali ishirini alizozitunga mwenyewe, zote za busara, zote hazina mbishi. Ukimaliza kuzisoma bado hujui wazee hao wataamuaje watu wawili wakigombea mpaka, wala ni nani katika nchi hiyo anayekereka mafundisho hayo yakitajwa. Ni maneno ya kanga: yanapendeza, yanaheshimika, na hayawezi kubeba riwaya ya kurasa mia tatu.

Sisi tunaotunga hadithi za fantasia na kuendesha michezo ya kuigiza mezani hapa Moshi, pamoja na wenzetu wanaoshuka kwa basi kutoka Arusha, tumeshapitia falsafa nyingi za namna hiyo. Tunachomwambia kila mgeni ni kwamba shule ya fikra inaaminika pale inapozaliwa na ugomvi juu ya kitu kinachoshikika. Maji, mpaka, mbegu, maiti, deni. Ugomvi juu ya nafsi na ukweli utakuja baadaye wenyewe, wala hauhitaji kuitwa.

Kwa anayeishi chini ya Kilimanjaro, kitu hicho hakiko mbali. Angalia mifongo ya Wachaga, mifereji yao ya asili ya kumwagilia. Mfongo huanzia juu korongoni, pale ambapo kijito kinaweza kuzuiwa kwa mawe, magogo na mapande ya nyasi yenye udongo wake. Kutoka kwenye banio hilo mfereji unafuata ubavu wa mlima kwa mteremko mdogo mno hadi kwenye vihamba, yaani mashamba ya migomba ya ukoo. Mteremko ukizidi, maji yanakula kingo na mfereji unabomoka; ukipungua, mchanga unatuama na maji yanafurika kabla hayajafika. Njiani kuna nduwa, bwawa dogo linalojazwa usiku ili mchana maji yawe na nguvu ya kufika shamba la mwisho. Ukoo uliochimba una kauli yake. Wenye zamu wana saa zao. Asiyetokea siku ya kusafisha mfereji anatozwa, na zamani tozo hiyo ilikuwa mbege, pombe ya ndizi.

Kila kipande cha utaratibu huo kina swali la falsafa ndani yake. Aliyechimba ana haki kuliko anayesafisha? Waliochimba wameshakufa, je, kauli yao imekufa nao? Maji yaliyovuja njiani ni hasara ya nani? Anayemwagilia usiku wa manane amepata zamu sawa na anayemwagilia saa tatu asubuhi? Hakuna hata moja kati ya hayo linalojibika kwa methali.

Hapo hapo kuna mtego. Usichukue mfongo wenyewe, ukabadilisha majina, ukaita ni nchi ya ajabu. Msomaji wa Marangu au Old Moshi atakugundua ukurasa wa pili, na kuanzia hapo atasoma kama mtu anayekagua mahari. Chukua tatizo, acha mila. Wenzetu wa Arusha huwa wanataja Engaruka, magofu ya mashamba ya mawe na mifereji chini ya ukuta wa Bonde la Ufa, yaliyoachwa zaidi ya miaka 200 iliyopita. Nayo yanafaa kwa namna hiyo hiyo: yanakuuliza shule ya fikra inabakije pale ambapo kazi iliyoizaa imekwisha na maji hayapiti tena.

Mfano tunaoutumia kufundishia ni nchi tuliyoibuni, Tambare. Ni mlima wenye mifereji, na una ajabu moja tu: maji yanakumbuka. Ukinywa maji ya mfereji unapata kumbukumbu moja ya mtu mmojawapo aliyeyagusa hapo juu siku hiyo. Ni fupi, haichaguliki, na inakujia kama ya kwako. Maji yakituama usiku kucha kwenye bwawa yanasahau. Maji ya mvua hayana kitu. Basi, hayo yanatosha. Kanuni ya kwanza inaleta ugomvi, ya pili inawapa wenye uwezo mlango wa nyuma, ya tatu inawapa wabishi mahali pa kusimama. Ukiongeza kanuni ya nne, kwa mfano ndege wanaosema kweli, utaua zote tatu, maana watu watawauliza ndege.

Hili la ndege tulikalie kidogo, kwa sababu ndilo kosa la fantasia peke yake, mwandishi wa riwaya ya kawaida halijui. Ajabu ikijibu swali lenyewe, falsafa inageuka kuwa taarifa. Mungu akishuka kila Ijumaa na kueleza nini kitatokea baada ya kifo, hakuna atakayebishana tena kuhusu maisha baada ya kifo; watakwenda kumsikiliza. Dawa yake ni kuangalia swali limehamia wapi, wala huna haja ya kumfukuza mungu huyo. Mzimu wa babu ukiweza kuitwa na kuhojiwa, swali la kama babu yupo limefungwa, lakini limefunguka lingine: je, maoni ya marehemu yanambana mjukuu? Babu akisema shamba liuzwe na mama anayelima akasema lisiuzwe, kauli ni ya nani? Ajabu nzuri inafunga swali la kuwepo na kufungua swali la wajibu. Ukiona ajabu yako inafunga yote mawili, ipunguze nguvu: ifanye fupi, ifanye ghali, au ifanye iseme kweli bila kusema ni kweli ya nani. Maji ya Tambare yamepunguzwa kwa njia hiyo ya tatu.

Sasa dai. Shule ya fikra inahitaji dai moja linaloandikika kwa sentensi moja, na sentensi hiyo ipimwe kwa kuikanusha. Andika "wema ni bora kuliko ubaya", kisha ikanushe. Hakuna mtu mzima atakayesimama upande wa pili, kwa hiyo hukusema kitu. Dai la shule yetu, Shule ya Zamu, ni hili: deni ni la anayelikumbuka. Ikanushe, "deni ni la aliyelifanya", na utakuta karibu dunia nzima iko upande wa pili. Hapo umepata falsafa, maana kuna mtu atakayeumia ikifuatwa na kuna mtu atakayeumia isipofuatwa.

Iweke mara moja kwenye kesi. Bibi wa shamba la mwisho anakunywa maji alfajiri, anakumbuka mkono wake ukichota debe la ulezi kwenye ghala la jirani. Hajawahi kuiba. Kumbukumbu iko kichwani mwake, ya joto, na uzito wa debe anausikia begani. Anapanda kwa mzee wa mfereji.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba, mama. Umekunywa wapi?"

"Tundu la mwisho, chini ya migomba ya mpaka."

"Juu yako nani?"

"Kaya arobaini. Simjui ni yupi."

"Basi deni unalo wewe. Nani atashuka?"

Swali hilo la mwisho ndilo linaloizuia Shule ya Zamu isiwe ukatili mtupu. Bibi atalipa nusu debe, na kaya za juu lazima zitoe mtu mmoja ashuke, akae siku saba kwenye tundu la mwisho, anywe maji yale yale na kubeba madeni yatakayomjia. Asipopatikana wa kushuka, banio linafunguliwa upande wa korongo na mfereji mzima unakauka. Unaona jinsi dai moja lilivyozaa taratibu, adhabu na chuki bila mwandishi kubuni hata methali moja.

Wapinzani waandikwe mapema, ikiwezekana kabla ya mwanzilishi wa shule. Wacharvaka wa India ya kale, waliokana kuwa kuna maisha baada ya kifo, leo tunawajua zaidi kupitia maandishi ya watu waliowapinga. Mpinzani anakueleza shule kwa ukali ambao mfuasi hana. Tambare ina wapinzani wa aina mbili. Wachimbaji wanasema deni ni la aliyetenda, kama mfereji ulivyo wa ukoo uliouchimba. Hoja yao ni nzito, na udhaifu wao ni kwamba wengi wanakaa juu, wasikokunywa kumbukumbu ya mtu. Wakavu wanakunywa maji ya mvua tu na kusema kwamba ushahidi wa maji si ushahidi, maana unakupa tendo bila mtendaji. Hoja yao ni safi kuliko zote. Kiangazi kikifika mitungi inaisha, nao wananunua maji ya bwawa kwa watu wa juu, na kila mwenye macho anaona. Kila shule iwe na gharama ya namna hiyo, inayoonekana kwa jirani. Shule isiyomgharimu mfuasi wake chochote ni pambo.

Shule tatu zinatosha kwa riwaya moja. Mbili zinageuka wema na ubaya. Tano msomaji anaanza kuzichanganya, na mwandishi naye pia.

Namna ya kujenga hoja ni jambo ambalo watunzi wengi hulipita, na ndilo linalofanya wahusika wasikike tofauti. Wanyaya, shule ya mantiki ya India ya kale, walikuwa na hoja yenye viungo vitano, na mfano wao maarufu, kwa sisi watu wa Moshi, unakaa kichwani bila jasho: mlimani kuna moto, kwa sababu kuna moshi, penye moshi pana moto, kama jikoni, mlima huu nao una moshi, kwa hiyo mlimani kuna moto. Ipe shule yako umbo lake. Watu wa Zamu wana maswali manne: nani amekunywa, amekunywa wapi, juu yake nani, nani atashuka. Hoja inayoruka swali la tatu inatupwa hata kama ni ya kweli. Faida yake inaonekana kwenye mazungumzo: mhusika anaweza kumkata mwenzake kwa maneno mawili tu, "Juu yake?", na msomaji aliyefika ukurasa wa hamsini anajua kwamba huyo aliyekatwa ameshindwa.

Msamiati uwe mdogo. Maneno matano, yakizidi sana saba, na yawe ya Kiswahili cha kawaida yaliyobanwa maana. Tambare ina zamu, banio, kushuka, ukavu na mashapo, hili la mwisho likiwa ni kumbukumbu iliyobaki nchi nzima bila mtu yeyote kujua ilikuwa ya nani. Maneno yenye herufi za ajabu na alama katikati, sijui Xha'rul, yanamfanya msomaji asimame kila mara kama gari kwenye matuta.

Mavazi, salamu na rangi za bendera tumalize kwa aya moja. Chagua kitu kimoja chenye kazi. Jani la isale kwa Wachaga linapelekwa kwa uliyemkosea kuomba msamaha, na ni vigumu kulikataa. Mmea huo huo unapandwa kuonyesha mpaka wa kihamba. Kitu kimoja, kazi mbili, na wote wanaelewa. Anayeshuka Tambare hubeba kibuyu kisicho na kizibo, asiweze kuhifadhi maji yakalala. Inatosha, endelea.

Miiko ni tofauti, hiyo ikae muda. Mafundisho ya jumla hayamkamati mtu, mwiko unamkamata. Azimio la Arusha, lililotangazwa tarehe 5 Februari 1967, lina sehemu ndefu kuhusu ujamaa na kujitegemea, lakini sehemu iliyowakosesha watu usingizi ni ile ya miiko ya viongozi: asiwe na hisa katika kampuni yoyote, asipokee mishahara miwili, asiwe na nyumba za kupangisha. Hapo mtu anaweza kunyooshewa kidole kwa jina, na nyumba yenyewe ikaonyeshwa ilipo. Kisha angalia mwaka 1991, chama tawala, CCM, kilipokaa Zanzibar na kulegeza miiko hiyo. Mtunzi akitaka kujua shule inavyobadilika, asisome tu yaliyoandikwa upya kwenye utangulizi. Aangalie ni mwiko upi umelegezwa, lini, na nani alikuwa ameshaanza kuuvunja.

Walimu wa Zamu wana miiko mitatu: hawanywi maji ya bwawa, hawajengi juu ya banio, hawamtumi mtu kushuka badala yao. Huu wa tatu ndio unaovunjika kwanza, kwa sababu mwalimu anazeeka na mlima ni mkali. Anamtuma mwanafunzi. Tajiri naye anauliza: kama mwalimu ametuma, mimi kwa nini nisimtume kijana wangu wa kazi? Hapo shule inapasuka pande mbili, wanaosema lazima ushuke kwa miguu yako na wanaokubali mjumbe. Pande zote mbili zinanukuu mwanzilishi yule yule, sentensi ile ile. Mpasuko unaotoka ndani ya mwiko una nguvu kuliko ule wa msaliti mwenye kofia nyeusi, na hauhitaji mtu mbaya.

Kanuni za watawa wa Kibuddha, Vinaya, zimehifadhiwa pamoja na visa vyake: mtawa alifanya jambo, watu wakalalamika, kanuni ikawekwa, kikatokea kisa kingine, kanuni ikaongezewa kifungu. Tunapendekeza uige mpangilio huo kwenye daftari lako la maandalizi. Kila mwiko upewe kisa chake cha mistari mitano, na angalau mmoja uwe na kifungu kilichoongezwa baadaye. Hata usipovitumia kwenye hadithi, wahusika wako wataongea kama watu wanaojua kwa nini mwiko upo, na wengine kama wasiojua, jambo ambalo ni halisi zaidi.

Ratiba ya vitendo nayo isikose. Wafuasi wa Epicurus, mwanafalsafa wa Ugiriki ya kale, walikuwa wakikutana tarehe 20 ya kila mwezi, kama alivyoagiza kwenye wosia wake. Wastoa, shule nyingine ya Ugiriki, walipata jina lao kutokana na baraza la nguzo walilofundishia pale Athene. Siku na mahali. Kwa vitu hivyo viwili tu mhusika anaweza kuchelewa, kukosa, kukutwa, kufukuzwa. Mwandishi anayesema shule yake "inafundisha kutafakari" bila kusema saa ngapi na kwenye jiwe gani hajampa mhusika wake pa kwenda.

Yote haya yaingie kwenye karatasi moja, upande mmoja, maneno 300. Mgawanyo unaotufaa ni huu: ugomvi maneno 60, dai na umbo la hoja 60, miiko 50, gharama kwa mfuasi 30, na 100 yaliyobaki ni ya mpinzani, yaandikwe kwa sauti yake na kwa nguvu zake zote. Watunzi wengi huukata huo wa mwisho nafasi ikibana. Kata historia ya mwanzilishi badala yake. Ndevu zake nyeupe, pango alilokaa na ndoto aliyoota havimsaidii mtu kuamua kesi.

Ikishaandikwa, ijaribiwe kabla ya sura ya kwanza. Wanahitajika watu wanne ambao hawakushiriki kuitunga, na saa moja. Wawili wanapewa karatasi ya shule, mmoja anakuwa mpinzani, mmoja ni mlalamikaji. Andaa kesi tatu, kila moja ya sentensi tano: moja ya wizi, moja ya msiba, moja ya ndoa. Dakika kumi za mabishano kwa kila kesi, kisha dakika tano ambazo wale wawili wa shule wanaandika hukumu kila mmoja peke yake, bila kutazamana. Dakika kumi na tano zilizobaki ni za kusoma hukumu kwa sauti. Mtunzi anakaa pembeni, hafungui mdomo, hata akichokozwa. Hili la kunyamaza ndilo gumu kuliko yote.

Matokeo yanasomeka hivi. Wawili wakitoa hukumu zinazofanana neno kwa neno kwenye kesi zote tatu, ulichoandika ni sheria ya barabarani. Ongeza nafasi ya tafsiri, hasa kwenye mwiko mmoja. Wakitofautiana kabisa kwenye zote, dai lako halina makali, rudi ulikanushe upya. Mpinzani akishinda zote tatu, mara nyingi tatizo liko kwenye gharama: shule imebebeshwa ubaya bila kupewa cha kujivunia. Mlalamikaji akiuliza katikati "lakini maji yanasema nini?" na jibu likamaliza kesi, ajabu yako bado ina nguvu mno.

Unachokitafuta ni hukumu moja ambayo mtunzi hakuiwaza lakini imo ndani ya karatasi. Kwenye kesi ya msiba ya Tambare, marehemu alikunywa deni la mtu jioni na kufa kabla ya kulilipa. Dai linasema deni ni la anayelikumbuka, na mwenye kukumbuka hayupo. Mmoja wa walioshika karatasi aliandika kwamba waliomwosha marehemu wamegusa maji baada yake, kwa hiyo deni liko kwenye maji ya kuoshea, na yeyote wa chini atakayekunywa kesho atalikuta. Wa pili aliandika kwamba maji ya kuoshea maiti yalazwe bwawani usiku mmoja, yasahau. Hapo hapo shule ikapata taratibu za mazishi, mwiko mpya na ugomvi mpya na wenye mabwawa ya juu, ambao sasa wana sababu ya kutoza kila msiba. Hukumu ya namna hiyo inanakiliwa kama kisa kwenye daftari la miiko, na mpinzani anapewa maneno mengine 100 ya kuijibu.